Hubert Sauper: anachunguza uchumi, au anawinda huzuni? Tuijadili kazi yake yote, si ile ya mapanki peke yake

#1 Mkoba wa Picha

Wakuu, salaam. Kila jina la Hubert Sauper, mtengenezaji wa filamu za hali halisi, linapotajwa, mjadala huishia Mwanza mwaka 2004: kundi moja linasema alituchafua, jingine linasema alituonyesha tulivyo, kisha watu wanachoka na kuondoka. Naomba safari hii tuitazame kazi yake yote, kwa sababu naamini mtu huyu ametumia zaidi ya miaka 20 kuuliza swali moja tu la kiuchumi: chombo kinapoingia kimebeba nini, na kinapoondoka kinakwenda na nini?

Mwaka 1997 alikuwa Kongo akiwarekodi wakimbizi wa Rwanda kandokando ya reli, kusini mwa Kisangani, na kazi hiyo ilitoka 1998 kwa jina la Kisangani Diary. Mwenyewe ameeleza kwamba wakati wa maandalizi yake ndipo alipoona ndege mbili kubwa za mizigo, moja imeleta tani 45 za njegere kutoka Marekani kwa ajili ya kambi za wakimbizi, nyingine inaondoka na tani 50 za samaki kwenda Ulaya. Kutoka hapo ikazaliwa Darwin's Nightmare ya 2004, filamu kuhusu sangara wa Ziwa Viktoria na tuhuma kwamba ndege za mizigo zilizomchukua Mwanza zilileta silaha Afrika. Miaka kumi baadaye, katika We Come as Friends ya 2014, hakutaka tena kuomba lifti kwa marubani wa wengine: aliunda kindege chake kidogo akaruka nacho kutoka Ufaransa hadi Sudan. Kisha mwaka 2020, katika Epicentro, akaenda Havana, Cuba, na safari hii mzigo anaouchunguza ni picha zenyewe, yaani namna sinema ilivyosaidia kuuza vita vya Marekani na Hispania vya 1898.

Swali langu ni hili: je, huo ni uchunguzi wa uchumi, au ni ustadi wa kupanga picha za kusikitisha hadi zifanane na hoja?

#2 Mzee wa Kirumba

Ndugu Mkoba, umeliweka swali vizuri, lakini sisi tuliokuwa Mwanza hatuwezi kuanza na Havana. Mimi nilisimama kwenye meza ya minofu katika kiwanda kimoja (nisikitaje) kwa miaka sita. Sangara aliingia mzima upande mmoja, akatoka minofu upande mwingine, na kilichobaki, yaani kichwa na mifupa yenye nyama iliyong'ang'ania, ndicho tulichokiita mapanki. Mapanki hayakuwa ya aina moja. Yale mabichi ya asubuhi yaligombaniwa na kina mama waliokuwa wakiyakaanga na kuyauza, na hayakuwa na tatizo lolote. Yale yaliyolala juani yalisagwa kuwa chakula cha kuku. Filamu ilikwenda kwa yale ya juani, yenye funza, ikayaweka mezani mwa Mtanzania kana kwamba hakuna mengine.

Hata hivyo sitasema kwamba alidanganya. Minofu hatukuila, hilo ni kweli. Mfanyakazi wa meza ya minofu alikuwa akienda nyumbani na dagaa.

#3 Afisa wa Likizo

Kwa kifupi, Mfaransa huyo alichukua Oscar kwa mgongo wetu, akanunua ndege.

#4 Karani wa Kumbukumbu

Afisa wa Likizo, sentensi yako moja ina makosa matatu. Kwanza, Sauper ni Mwaustria aliyezaliwa Kitzbühel mwaka 1966, ingawa ameishi na kufanya kazi Ufaransa kwa muda mrefu. Pili, Oscar hakuichukua. Filamu iliteuliwa tu, katika tuzo zilizotolewa mwaka 2006, na ikashindwa. Iliyochukua ni tuzo ya Ulaya ya filamu ya hali halisi ya 2004, na César, tuzo ya sinema ya Ufaransa, ya filamu ya kwanza mwaka 2006, jambo lenye kichekesho kidogo kwa mtu aliyekuwa ameanza kutoa kazi tangu miaka ya 1990. Tatu, ndege hakuinunua, aliiunda, na ukiitazama utaelewa kwa nini hakuna ambaye angeiuza.

#5 Binti Nyanza

Na iliyomshinda kwenye Oscar ilikuwa filamu ya pengwini wanaotembea kwenye barafu. Sangara wetu alimla kila samaki ziwani, akaja kushindwa na ndege wasioruka.

#6 Mpenda Takwimu

Tuseme lililo muhimu. Uzito wote wa Darwin's Nightmare umesimama juu ya silaha, na silaha hatuzioni hata mara moja. Tunaona Ilyushin, zile ndege kubwa za mizigo za Kirusi, zikitua, tunasikia watu wakiulizwa zimeleta nini, wengi wanajibu kwamba zimekuja tupu, na karibu na mwisho rubani mmoja anakiri kwa uchungu kwamba aliwahi kupeleka vifaa vya kijeshi Angola, kisha akapitia Johannesburg kuchukua zabibu za Ulaya. Anasema watoto wa Angola walipata bunduki na watoto wa Ulaya wakapata zabibu. Maneno hayo yanachoma, lakini ichoreni safari hiyo kwenye ramani: Ulaya, Angola, Johannesburg, Ulaya. Mwanza iko wapi? Tena vita vya Angola vilikoma mwaka 2002, kwa hiyo rubani anasimulia jambo lililokwisha kupita. Mtazamaji anatoka ukumbini akiamini kwamba ameona sangara akibadilishwa kwa bunduki, ilhali alichokiona ni vitu viwili vilivyowekwa jirani na mhariri mwerevu. Mwanauchumi akifanya hivyo kwenye andiko lake, anarudishiwa.

#7 Wakala Mstaafu

Naunga mkono sehemu ya bandiko namba 6 na kupinga sehemu. Nilifanya kazi ya uwakala wa mizigo ya anga kwa muda mrefu, si Mwanza, lakini biashara ni ileile. Ndege ya mizigo kuja tupu si jambo la ajabu kama filamu inavyotaka liwe. Ikiwa samaki wa kurudi nao wanalipa vya kutosha, mwenye ndege anaweza kuihesabu safari nzima, kwenda na kurudi, ndani ya gharama ya samaki, na mzigo wa kuja ukipatikana ni faida ya ziada. Ndege zinazofuata maua na matunda zimekuwa zikifanya hivyo.

Lakini hapohapo ndipo swali la Sauper linaponisumbua, Mpenda Takwimu. Hakuna mwenye ndege anayefurahia kuruka saa nyingi na tumbo tupu. Kila siku yuko kwenye simu akitafuta mzigo wowote wa kuja Afrika, mahali popote njiani, na wakati ule wateja waliokuwa tayari kulipa vizuri bila kuuliza maswali walikuwa wanajulikana. Sina ushahidi wa sanduku lolote lililoshushwa Mwanza. Ninachojua ni kwamba nafasi tupu ndani ya ndege ni bidhaa, na kila bidhaa ina mnunuzi wake.

#8 Binti Nyanza

Wakala, shukrani, hilo la nafasi tupu kuwa bidhaa sijawahi kulisikia likielezwa hivyo.

Mimi nauliza kutoka upande wa Kenya. Ziwa ni moja na nchi ni tatu. Sangara kwetu ni mbuta, Waganda wanamwita mputa, na mapanki yenu Kisumu tunayaita mgongo wazi. Pale Obunga wanawake wamekuwa wakiyanunua kutoka viwandani, wakiyakaanga na kuyauza kwa miaka na miaka. Shangazi yangu mmoja alisomesha watoto wanne kwa mgongo wazi, na ukimwonyesha filamu ile atakuuliza kwa nini huyo mzungu anaililia kazi yake. Sasa kwa nini Mwanza tu? Kama hoja ni uchumi wa sangara, Kisumu na Entebbe zilikuwa kwenye biashara hiyohiyo.

#9 Mzee wa Kirumba

Binti yangu, jibu ni uwanja wa ndege. Ninyi minofu yenu ilipanda lori hadi Nairobi ikachanganyika na maua na abiria. Kwetu Ilyushin ilitua mbele ya macho ya wavuvi, watoto wakaizoea, na mabaki ya zilizoanguka yakabaki yanaonekana. Mpiga picha atatafuta nini tena?

#10 Mkoba wa Picha

Mzee wa Kirumba amegusa jambo kubwa. Sauper mwenyewe amewahi kusema kwamba filamu hiyohiyo angeweza kuitengeneza Sierra Leone, samaki wakawa almasi, au Honduras, wakawa ndizi, au Angola na Nigeria, wakawa mafuta. Maana yake sangara kwake ni mfano tu. Aliyejua kwamba samaki huyo aliingizwa ziwani katika miaka ya 1950 na mwanzoni mwa 1960, akaongezeka kwa kishindo miaka ya 1980, na akachangia kutoweka kwa aina nyingi za furu, samaki wadogo wa asili wa ziwa, amekwisha kupata sitiari yake: mgeni anayekula wenyeji. Baada ya hapo alihitaji mahali ambapo sitiari inaonekana kwa macho.

#11 Mpenda Takwimu

Basi umenijibu mwenyewe. Mtu anayesema samaki wanaweza kuwa almasi au ndizi hauchunguzi uchumi wa mahali popote. Bei ya sangara hupangwaje pale mwaloni, samaki wanaposhushwa? Nani anamkopesha mvuvi nyavu na injini, na kwa sharti gani? Mwaka 1999 Ulaya ilipozuia samaki wa Ziwa Viktoria kwa sababu ya tuhuma za uvuvi wa sumu, ni nani aliyebeba hasara, mwenye kiwanda au mwenye mtumbwi? Hayo ndiyo maswali ya uchumi. Linganisheni na Charles Ferguson, ambaye alikuwa na shahada ya uzamivu ya sayansi ya siasa kutoka MIT kabla hajashika kamera, na ambaye katika Inside Job ya 2010, filamu kuhusu mgogoro wa fedha wa 2008, aliwaketisha wachumi na watu wa mabenki akawauliza jambo moja baada ya jingine hadi wengine wakaanza kubabaika. Ukitoka pale unajua mkopo mbovu uligeuzwaje kuwa hati safi. Ukitoka kwa Sauper unajua tu kwamba umehuzunika.

#12 Mshika Boom

Nimekuwa nikisoma kimya. Mimi natengeneza filamu fupi za hali halisi, kwa hiyo naomba nizungumze kuhusu kazi yenyewe.

Ferguson alizungumza na watu ambao cheo chao kinawalazimu kuzungumza. Mwenye mtumbwi halazimiki, na mwenye kiwanda ana kila sababu ya kunyamaza. Sauper na mwenzake mmoja waliingia na kamera ndogo, na ili kupanda ndege za mizigo walijifanya marubani na wapakiaji. Vijijini walidhaniwa kuwa wamisionari, na viwandani mameneja waliwaogopa wakidhani ni wakaguzi wa usafi kutoka Ulaya. Ukipata nafasi kwa njia hiyo, huwezi kuuliza maswali ya bandiko namba 11. Swali moja la bei linatosha kukutoa nje. Unabaki na kungoja, na kamera inayongoja huokota maisha ya watu: mlinzi wa usiku wa taasisi ya uvuvi mwenye upinde na mishale ya sumu, anayesema bila aibu kwamba vita vingemletea ajira, yule binti aliyeiimba Tanzania mbele ya rubani, ambaye aliuawa kabla filamu haijakamilika. Hizo si takwimu, nakubali. Lakini mlinzi yule anaeleza bei ya kazi kwa usahihi kuliko jedwali: alipata nafasi kwa sababu aliyemtangulia aliuawa lindoni.

Kuna kasoro moja ambayo sijaona ikitajwa, nayo ni lugha. Sauper anapenda kuzungumza na mtu uso kwa uso, bila mkalimani katikati, na mara nyingi lugha hiyo ni Kiingereza. Mlinzi anakizungumza, meneja anakizungumza, rubani anakikokota. Mvuvi asiyekijua anabaki mandhari. Ningepewa mimi filamu ile niitengeneze upya kwa Kiswahili na Kisukuma, nadhani wahusika wakuu wangebadilika, na pengine hata hoja.

#13 Afisa wa Likizo

Mshika Boom, umeniharibia usingizi. Nimeitazama filamu ile mara tatu na sijawahi kujiuliza kwa nini mlinzi anazungumza ilhali wavuvi hawazungumzi.

#14 Karani wa Kumbukumbu

Kwa ajili ya kumbukumbu, maana naona vijana wengi hapa walikuwa wadogo. Katikati ya mwaka 2006 Rais Jakaya Kikwete aliilaumu filamu hadharani, akiwa Mwanza, akasema hakuna ushahidi wa silaha, na yakafuata maandamano ya kuipinga katika mji uleule. Ulaya, hasa Ufaransa, tayari kulikuwa na watu wanaohimiza sangara asusiwe. Mwanahistoria mmoja wa Ufaransa, François Garçon, aliandika kuipinga filamu kwa ukali, hata kudai kwamba watoto walilipwa ili waigize. Sauper alimshitaki, na mwaka 2008 mahakama ya Paris ikamtia Garçon hatiani kwa kashfa, rufaa haikumwokoa. Tahadhari kwa pande zote mbili: hukumu ile ilihusu madai dhidi ya mtengenezaji. Haikuamua kama kulikuwa na silaha, na wala haikuamua kama hazikuwapo.

#15 Mzee wa Kirumba

Maandamano yale nayakumbuka. Wengine walikuwa na hasira ya kweli, wengine walikwenda kwa sababu kazi ilisimama saa zile. Mimi nilikuwa na hofu moja tu, kwamba Ulaya ikiacha kununua, meza yangu ya minofu itafungwa. Mtengenezaji filamu hakuwa na jibu la hofu hiyo, na sidhani kama aliwahi kuulizwa.

#16 Mpita Nimule

Wadau, mmebaki ziwani. Mimi nilifanya biashara Juba kabla na baada ya uhuru wa Julai 2011, na naiona We Come as Friends kuwa ndiyo kazi yake ya uchumi hasa, kwa hiyo nampinga Mpenda Takwimu.

Kuna mzee wa Mukaya, Sudan Kusini, aliyetia saini mkataba wa ardhi na kampuni ya Marekani: hekta 600,000, kwa miaka 49, kwa dola 25,000. Gaweni wenyewe. Inafika kama senti nne za dola kwa hekta, kwa muda wote huo. Mzee anakaa mbele ya kamera huku karatasi ikisomwa, na uso wake unaeleza jinsi bei inavyopangwa kati ya anayejua kinachouzwa na asiyejua. Kisha kuna Wachina wa mafuta waliojifungia nyuma ya ukuta, na wamisionari wa Texas wanaovisha watoto nguo kwa nguvu.

Kuhusu kile kindege, nina maelezo tofauti na ya Mkoba. Sisi tuliosafiri kule tunajua kwamba barabara ina vizuizi, na kila kizuizi kina bei. Ukitua shambani kwa kitu kinachofanana na mashine ya kukata nyasi yenye mabawa, askari anacheka kwanza. Akicheka umepona, na kamera yako imepona. Kindege kile kilikuwa kibali chake cha kupita.

#17 Mkoba wa Picha

Sikatai, ila mtu hatumii miaka kuunda ndege kwa sababu ya vizuizi vya barabarani tu. Aliyekuja Afrika kwa ndege kutoka Ulaya ndiye mhusika wa filamu zake zote, na safari ile alijiweka yeye mwenyewe kwenye nafasi hiyo. Hata jina la filamu, yaani "Tunakuja kama marafiki", ni maneno ya kila mkoloni anaposhuka.

#18 Mshika Boom

Mimi nina maelezo ya tatu, ya kihasibu, ambayo hamtayapenda. Kati ya 2004 na 2014 ni miaka kumi, kisha sita hadi 2020. Filamu za aina hii Ulaya hulipwa na mifuko ya filamu pamoja na vituo vya televisheni, nchi kadhaa kwa pamoja, na ile ya sangara ilikuwa ya Austria, Ufaransa na Ubelgiji. Wanaotoa fedha hupenda jambo linaloelezeka kwa sentensi moja. "Mtu aliyeunda ndege yake akaenda Sudan" ni sentensi moja. "Namna mvuvi anavyokopeshwa nyavu" si sentensi moja, na nawahakikishia kwamba nimejaribu kuiuza.

#19 Mpenda Takwimu

Hapo umenipa hoja nzuri kuliko zangu zote. Na la Mukaya nalikubali, Mpita Nimule, hesabu ile ni hesabu. Naongeza tu kwamba ina nguvu kwa sababu safari hii karatasi ilikuwepo. Kule Mwanza hapakuwa na karatasi.

#20 Binti Nyanza

Kuna aliyeitazama Epicentro? Nilitarajia sukari, vikwazo na misafara ya watalii, nikakuta watoto wa Havana wanaoeleza historia ya Marekani kuliko mwalimu wangu, na mazungumzo kuhusu vita vya baharini vilivyoigizwa ndani ya beseni ili watazamaji wa 1898 waamini kwamba wameviona. Nilijiuliza kama si jibu lake kwa watu kama Mpenda Takwimu, miaka 16 baadaye. Ni kama anakiri kwamba picha mbili zikiwekwa jirani zinaweza kuanzisha vita.

#21 Mpenda Takwimu

Kama ni kukiri, angekiri kwa jina la samaki.

#22 Wakala Mstaafu

Turudi kwenye mizigo. Siku hizi wa kufuatiliwa si mnofu, ni bondo, yaani kibofu cha hewa cha samaki. Mabondo ya sangara yanakwenda China, ni mepesi, yana thamani kubwa kwa kilo, hayahitaji Ilyushin wala maandamano, na mvuvi mara nyingi hajui bei ya mwisho. Mkoba, swali lako la chombo kinaondoka na nini lingehamia huko. Mshika Boom, kwa nini hujaenda?

#23 Mshika Boom

Nilikwenda, mzee wangu. Nilifika kwa mnunuzi mmoja wa mabondo nikiwa na kamera ndani ya mkoba na barua ya utambulisho mkononi. Aliisoma barua yote, akaniuliza kama mimi ni mtu wa kodi. Nikasema hapana. Akaniuliza basi nimetumwa na nani. Nikasema sijatumwa na mtu, nataka tu kuelewa biashara yake. Alinitazama kama mwendawazimu, akaagiza mlango ufungwe.

#24 Mzee wa Kirumba

Ungesema wewe ni mkaguzi wa usafi kutoka Ulaya.